Nilivyomlilia Baba Mbele ya Kamera

Makanyagio, Mpanda
Mwezi wa nane, baada ya mavuno

Kwako dada yangu Generosa,

Shikamoo dada. Natumaini barua hii inakukuta mzima, wewe na shemeji Ambrosi na watoto wote hapo Kasansa, na kwamba ule mguu uliokuwa unavimba sasa unakuruhusu kwenda shamba. Ukitaka kujua habari za huku, sisi ni wazima kwa kiasi chetu. Wifi yako Leticia amepona malaria, watoto wanaenda shule, na saluni yangu bado iko pale pale, ingawa siku hizi vijana wananyoa mitindo ambayo baba angewauliza kama wameungua moto.

Najua utashangaa kuona barua. Tangu lini Danford akashika kalamu? Simu ipo na vocha ipo, na nimejaribu kukupigia mara nyingi kuliko unavyodhani. Lakini kila ukipokea tu na kuniita "staa wangu," naishia kukuuliza habari za mvua. Juzi nilikuuliza mvua kwenu imenyeshaje, na wote tunajua ni kiangazi. Ukacheka sana, ukasema umaarufu umenipanda kichwani. Ndiyo maana nimeamua kuandika, kwa sababu karatasi haiwezi kuniita staa wala kunikatiza kwa kunisifia. Anayekuletea ni Leticia mwenyewe, anakuja kukusaidia maandalizi. Nilimsomea barua hii ikiwa bado rasimu kwenye daftari, na tangu nimsomee ananitengea chakula bila kusema neno.

Ujumbe wako kuhusu mahari ya binti yako Scolastica niliupata. Nimefurahi mno kwa mtoto wetu, na huyo kijana wa Kibaoni nimeuliza habari zake, wanasema ni mtu wa kazi na hana makuu. Lakini umesema kwamba siku hiyo, kwenye kiti cha babu yake wa upande wa mama, nikae mimi, wala si Baba mdogo Severini, kwa sababu mtu aliyekataa kukusubiri ukamzike baba yako hawezi kukaa mahali pa baba yako mbele ya wakwe. Umesema tena kwamba umeniona kwenye simu ya jirani, ile sehemu ya filamu nilivyomlilia baba, na wewe ukalia, na kwamba mtu aliyelia vile ndiye anayestahili kiti kile. Dada, maneno hayo niliyasoma nikiwa na mteja kitini, nusu ya kichwa nimeshamnyoa. Nilimwomba anisubiri kidogo, nikatoka nje nikakaa juu ya ndoo. Alinisubiri mpaka akaja mwenyewe kuniuliza kama nimefiwa.

Naomba uisome barua hii taratibu, mpaka mwisho, hata pale utakapotaka kuichana.

Unakumbuka nilivyoingia kwenye mambo haya ya filamu. Maximilian, yule mpiga video wa harusi wa Nsemulwa, alikuwa mteja wangu. Siku moja akiwa na povu shavuni aliniangalia kwenye kioo, akasema uso wangu ni uso wa mtu anayeteseka, na kwamba watu kama mimi Dar es Salaam wanatafutwa. Mtu mwingine angeona ametukanwa. Mimi nilimnyoa bure. Tukaunda kikundi chetu, tukawa tunafanya mazoezi Jumapili baada ya misa kwenye ukumbi wa kuonyeshea mpira, na Maximilian akatufundisha yale aliyojifunza kwa kubebea watu taa huko Dar.

Kitu cha kwanza alichotufundisha ni aksheni. Mimi nilidhani naijua. Kwangu aksheni ilikuwa zile picha za mateke na magari kuungua, ambazo baba alikuwa anakwenda kuziangalia kwenye banda la video akishauza mpunga wake, akirudi anatuonyesha ngumi mpaka kofia inadondoka. Maximilian akasema hiyo ni aina moja tu ya picha, inayopendwa na watu wasio na subira. Aksheni nyingine ni lile neno la mwongozaji. Akishalitamka, hakuna tena Danford kinyozi, yupo yule mtu wa kwenye hadithi, na hata ukiumwa na siafu huruhusiwi kujikuna kama yeye hajaumwa. Halafu iko aksheni ya tatu, ambayo alisema ndiyo ngumu kuliko zote, yaani vile vitendo vidogo vya mikono ambavyo mtu anafanya wakati mdomo unasema mambo mengine. Mke anamwambia mume hana hasira, huku anakata nyanya. Ukitaka ukweli, alisema, usimsikilize, angalia kisu. Na ukirudia, lazima kila kitu kirudi vile vile, mkono ule ule, upande ule ule, la sivyo picha hazitaungana.

Nilimweleza baba yote hayo. Akasikiliza vizuri, akamaliza ugali, akaniuliza, "Sasa wewe unapigana lini?" Nikamwambia kwenye filamu yetu sipigani, mimi ni mtoto anayerudi kutoka machimbo ya dhahabu na kukuta baba yake amefariki. Akasema basi hiyo siyo aksheni, hiyo ni habari ya kawaida. Watu wote pale nyumbani tulicheka. Tangu siku hiyo kila nikienda kwake Mwamkulu, kabla hajajibu hata shikamoo alikuwa ananiuliza napigana lini.

Filamu tulikuwa tumeshaipiga karibu yote. Ilibaki sehemu ya mazishi, na hiyo ilitutoa jasho. Tulijaribu kufanya mazishi ya uongo nyuma ya ukumbi, lakini wanakikundi tulikuwa wachache, jeneza lilikuwa la maboksi, na mama mmoja aliyeombwa kulia alicheka kila alipoangalia shimo. Kamera nayo haikuwa yetu. Maximilian alikuwa ameikodi kwa rafiki yake wa Sumbawanga, na ilitakiwa irudi na basi. Kwa kifupi, filamu ilikuwa inakufa, na mimi jina langu lilikuwa limeshatangazwa mtaa mzima.

Hapo ndipo baba alipofariki.

Mambo ya ugonjwa wake unayajua, sina haja ya kuyarudia. Unajua pia kwamba masika ile ilikuwa ya kutisha, Mto Kavuu umejaa, magari yamelala huku na huko ng'ambo. Ulinipigia ukilia kwamba hamuwezi kuvuka. Baba mdogo Severini alikuwa amekaa karibu yangu. Nataka ujue alichosema usiku ule, maana hukuambiwa. Alisema mtoto mkubwa wa kaka yake ni Generosa, udongo wa kwanza ni wa Generosa, na kwamba tutamsubiri, hata kama ni kuzika jioni kwa taa za pikipiki. Wazee wakakubali. Mwili ulikuwa hospitali, haukuwa na tatizo lolote.

Sasa nifike kwenye sehemu yangu, na hapa kalamu inakuwa nzito.

Maximilian hakuniomba chochote. Alikuja kunipa pole, akakaa mkekani kama watu wengine, akanywa chai. Mimi ndiye niliyemfuata wakati anaondoka. Nilimwambia mazishi si yapo, watu wapo, jeneza lipo la kweli, kwa nini kamera iondoke bila kazi? Aliniuliza kama nina uhakika. Nikamwambia baba mwenyewe angependa, alikuwa mtu wa picha. Tazama nilivyomtumia hata akiwa amekufa. Maximilian akasema sawa, ila kamera lazima iwe stendi saa ya basi, yaani kesho yake mchana, na hawezi kuichelewesha maana rafiki yake ameshamvumilia mara mbili. Kwa hiyo mazishi yakiwa asubuhi tutapiga. Yakiwa jioni, basi.

Nikamwambia yatakuwa asubuhi.

Kulipokucha nilikwenda kwa wazee nikawaambia kuna mawingu, mvua ikinyesha kaburi litajaa maji, afadhali tuzike mapema. Baba mdogo akasema kaburi litafunikwa kwa maturubai, tunamsubiri Generosa. Alisema hivyo bila hasira, kama mtu anayeeleza jambo lililokwisha. Nikaondoka nikaenda nyuma ya zizi, na hapo ndipo simu yako iliponikuta.

Dada, simu ile unaikumbuka. Uliniambia mmevuka, vijana wamewabeba mgongoni, mguu wako umeumia lakini mmevuka, na kwamba umepata fuso la mpunga pale Kibaoni linakuja Mpanda, dereva ameshawasha gari. Ulikuwa unahema. Ulisema, "Mdogo wangu, waambie wanisubiri. Nakuja." Na mimi nikakujibu kwamba Baba mdogo Severini amekataa. Nikakwambia amesema mwili hauwezi kusubiri, na kwamba nimembembeleza sana na amenifokea mbele ya watu. Hata kufoka nilimwongezea, ili usijaribu kumpigia mwenyewe. Ukasema tu, "Haya." Nikakata simu.

Baba mdogo hakukataa. Hakujua hata kama umepiga. Nilirudi kwa wazee nikawaambia umepiga, umesema mto bado haupitiki, na kwamba wewe mwenyewe umeomba baba azikwe, asiteseke kukusubiri. Baba mdogo aliinamisha kichwa akauliza, "Amesema hivyo mwenyewe?" Nikajibu amesema hivyo mwenyewe. Akajifuta macho na mkono wa shati, akaagiza watu waende kuuchukua mwili.

Nimeshaandika. Sasa unajua nani alikuacha kwenye fuso. Lakini haijaisha.

Tulifika makaburini Mwamkulu jua likiwa limetoka, jua zuri, wala ile mvua yangu haikuonekana. Maximilian alikuwa amesimama upande wa juu na kamera yake, na watu walidhani tumeajiri mpiga video wa msiba kama wanavyofanya watu wa mjini. Katekista alisali. Kabla ya kushusha jeneza akajitokeza mtani wetu Mwandu, kama inavyotakiwa, maana sisi Wafipa hatuwezi kuzika kimyakimya wakati Wasukuma wapo. Alikuwa amevaa koti la baba na kofia yake. Alitembea kama baba, mkono mmoja nyuma ya kiuno, akamkaribia katekista akamwambia mahubiri yake ni marefu ndiyo maana watu wanaamua kufa. Akaja mbele yangu akaniuliza, kwa sauti ya baba kabisa, napigana lini. Watu walicheka mpaka wengine wakaegemeana. Hata Baba mdogo alicheka.

Halafu Mwandu akaenda akakaa ukingoni mwa kaburi, miguu ikining'inia ndani, akashika mbao kwa mikono yote miwili. Akasema, bado kwa sauti ya baba, "Siingii humu mpaka Generosa wangu afike. Yuko njiani."

Mpaka leo sijui kama alinisikia pale nyuma ya zizi, au alisema tu kama watani wanavyosema. Unajua mtani akizuia maiti anataka kitu. Unampa, anaondoka, watu wanaendelea. Kila mtu pale alielewa hivyo. Lakini Baba mdogo aliacha kucheka. Alinigeukia akaniuliza taratibu kama nina uhakika nilikusikia vizuri, labda tukupigie tena. Nilikuwa na simu mfukoni, dada. Ilikuwa na chaji na mtandao ulikuwepo. Nikamwambia imezimika, na kwamba mtani anadai haki yake tu. Nikakimbia kwa akina mama waliokuwa na kuku wa matanga, nikachukua jogoo, nikamwekea Mwandu mikononi, nikatupia na vijisenti kwenye kofia ya baba. Watu wakapiga vigelegele. Mwandu alimwangalia yule jogoo, akaniangalia mimi, akatoa miguu yake kaburini. Hakuigiza tena chochote siku ile. Maximilian alimfuata akamwomba arudie yale maneno kwa sababu mtu alikatiza mbele ya kamera. Mwandu akamjibu kwamba mtani hasemi mara mbili, akavua koti akalikunja.

Mimi nilisema mara mbili.

Ndiyo, nakuja kwenye kile kilio ulichokiona. Tangu baba afariki nilikuwa sijalia. Watu walinisifia kwamba mimi ni mwanaume, kumbe nilikuwa nina mengi kichwani, mara basi, mara jua limekaa upande gani. Jeneza liliposhushwa, katekista akauliza nani anatupa udongo wa kwanza. Baba mdogo akasema mwenyewe hayupo, atupe mdogo wake kwa niaba yake. Nikainama nikachota. Wakati huo huo nikamwangalia Maximilian. Yeye hakupaza sauti, alikuwa na aibu kuliko mimi. Alinyanyua tu kidole, na midomo yake ikatamka bila sauti, "Aksheni."

Machozi yakatoka. Yalitoka mengi, yakafika mpaka shingoni. Niliweka mkono wa kushoto kichwani, nikapiga goti, nikaita baba, baba, nikatupa ule udongo wako. Akina mama wote wakalipuka kulia kwa ajili yangu. Baba mdogo alikuja akanishika bega akiniambia jikaze mwanangu. Na mimi, badala ya kujikaza, niliangalia kidole cha Maximilian. Akanionyesha kwa ishara kwamba bega la Baba mdogo limeziba uso wangu. Basi nikamsogeza Baba mdogo kwa kiwiko, nikachota udongo mwingine, nikaweka mkono ule ule wa kushoto kichwani, goti lile lile, nikaita baba, baba. Hicho cha pili ndicho ulichokiona kwenye simu ya jirani. Cha kwanza hakikufaa.

Kamera iliwahi basi. Watu wakarudi nyumbani kula. Na wewe ukafika, dada, wali ukiwa bado wa moto kwenye masufuria. Ulishuka kwenye lile fuso una tope mpaka magotini, unachechemea, umeshika kanga mkononi. Uliuliza tu, "Wapi?" Ulikwenda mbele ya Baba mdogo, ukamwambia mbele ya watu wote kwamba ameukata undugu, kwamba asije akakanyaga kwako, na siku akifa yeye usisubiriwe. Baba mdogo alifungua mdomo. Kisha akaniangalia. Nilikuwa nimeshika sahani ya wali, nikainamisha macho kwenye sahani. Akafunga mdomo wake, akasema, "Nisamehe mwanangu." Akaomba msamaha kwa kosa ambalo alikuwa amelisikia dakika ile ile kwa mara ya kwanza.

Umekuwa ukijiuliza kwa nini hakujitetea siku ile. Ulisema kunyamaza kwake ndiyo ushahidi. Sasa nikueleze.

Baada ya matanga aliniita chini ya banda lake la mpunga, tukiwa wawili tu. Nilijua ninachoitiwa, nikaenda nimeshaandaa uongo mwingine. Hakuniuliza chochote. Aliniambia amefikiria sana jambo la Generosa na ameamua liendelee vile lilivyo. Akasema, "Dada yako hana baba, hana mama, amebaki na wewe. Akinichukia mimi, mimi ni mzee, nitakufa na chuki yake itakufa na mimi. Akikuchukia wewe atabaki na nani? Acha anichukie mimi."

Dada, hapa ndipo ninapoona haya kuliko mahali pengine pote. Yale ya asubuhi ile naweza kusema nilipagawa, nilikuwa na filamu kichwani, shetani alinipitia, watu husema hivyo na huaminiwa. Lakini siku ile bandani nilikuwa na akili zangu zote. Mzee wa watu alikuwa anajitolea kubeba kinyesi changu kichwani kwake, na mimi nilikubali. Nilimshukuru. Nilimshika mikono nikamwambia Mungu akubariki Baba mdogo, nikarudi Makanyagio kwa baiskeli nikiwa mwepesi, na jioni ile nilikula vizuri. Nikampigia Maximilian nikamwambia ile sehemu ya Mwandu aiondoe kabisa kwenye filamu, sababu inachelewesha hadithi. Akaiondoa. Ndiyo maana hukuiona.

Filamu ikatoka. Sasa nina jina. Watoto wa shule wananiita wakipita, wanaweka mkono wa kushoto kichwani na kupiga goti kunitania, na wateja wananiuliza nilifikiria nini mpaka machozi yakatoka namna ile. Nawajibu nilimfikiria baba. Juzi kijana mmoja alikuja, amefiwa kweli, akaniambia hajaweza kulia tangu azike, ameangalia kilio changu mara nyingi ndipo na yeye akaweza. Akanishika mkono kwa heshima. Nilishindwa kumnyoa, nikamwambia mashine imeharibika.

Na Baba mdogo anaendelea kupita hapa saluni siku za mnada, ananisalimia, anauliza habari za kwako. Anataka kujua mguu wako umeponaje. Anajua Scolastica anaolewa, alisikia kwa watu, kwa sababu wewe hukumwambia na mimi sikuthubutu. Aliuliza tu kama kijana ni wa ukoo mzuri, akasema vyema, akanunua sabuni akaondoka. Aliponipa mgongo nilimwona anatembea kama baba kabisa. Nilitaka kumkimbilia. Nilibaki nimeshika kitana.

Kisha ukaja ujumbe wako wa kiti.

Siwezi kukikalia, dada. Nimejaribu kujiona pale, nimevaa suti, wakwe wananiamkia, wewe unanijazia bilauri, na yeye yuko Mwamkulu peke yake anapepeta mpunga. Nimeigiza mengi lakini hilo sitaliweza, na nikiliweza ndiyo mbaya zaidi. Kiti kile ni cha Severini. Naomba umwite. Mimi nisimwite kwa niaba yako, nimeshafanya mengi kwa niaba yako. Umwite wewe kwa mdomo wako, na umwambie unalotaka kumwambia. Sitakuambia umwendee vipi, unamjua kuliko mimi.

Kwa upande wangu, sikuombi unisamehe, maana najua unavyopenda kusamehe haraka ukishalia. Lia kwanza, kasirika kwanza. Ukisema nisije kwenye mahari, sitakuja. Ukisema nije nikae nyuma na wapishi, nitakuja nitachochea kuni. Ukitaka kuwasomea barua hii wakwe na majirani wote, wasomee, ila subiri mtoto wetu awe ameshatoka, asione aibu ya mjomba wake siku yake. Ulipokuja baada ya mazishi hukupewa hata nafasi ya kulia vizuri, ulikuwa na hasira, na hasira yenyewe nilikupa mimi. Nimekunyima baba na nimekunyima kilio chake. Sijui kitu cha namna hiyo kinarudishwaje.

Nisalimie sana shemeji Ambrosi, mwambie mbegu za mpunga alizoagiza, Leticia amezibeba. Nisalimie Scolastica, mwambie mjomba anamwombea. Wasalimie watoto na majirani wote wanaonifahamu, hata wanaoniita staa.

Neno moja limebaki. Jana nilikwenda Mwamkulu kumwambia Baba mdogo kwamba nakuandikia. Alikasirika kweli, mara ya kwanza namwona hivyo. Akasema kama lazima niandike, basi niandike kwamba tuliamua wote wawili, mimi na yeye, kuzika asubuhi, ili mzigo ugawanyike. Alinibembeleza mpaka nje barabarani. Nimekataa, dada. Aliyetaka baba azikwe bila wewe alikuwa mtu mmoja tu, na jina lake naliandika hapa chini.

Ni mimi mdogo wako,
Danford Kassiani